Hukumu Isiyojua Kiwanja Chake

Mwishoni mwa Mei 2013 polisi walifika Ngagara, kaskazini mwa Bujumbura, kuitoa familia moja katika nyumba iliyokuwa ikiishi kwa miaka mingi. Hawakwenda mikono mitupu. Walikuwa na uamuzi wa Tume ya Taifa ya Ardhi na Mali Nyingine, ambayo Warundi huiita kwa herufi zake za Kifaransa, CNTB, na uamuzi huo ulisema nyumba ni ya watu walioikimbia nchi katika mauaji ya 1972. Vijana wa mtaa wakaziba njia. Mabomu ya machozi yakapigwa, watu wakatiwa mbaroni, na Ngagara ikawa ndiyo habari ya mji. Mabishano juu ya tukio kama hili huwa na pande mbili tu. Wako wanaosema dola imelegea, kwa kuwa amri halali haiwezi kungoja idhini ya vijana wa kona. Wako wanaosema dola imezidisha ubabe, kwa kuwa nyumba hairudishwi kwa rungu. Pande zote mbili huitazama asubuhi ile ya kuwatoa watu kana kwamba ndipo mambo yalipoharibika.

Mimi naona yaliharibika zamani. Kukaza hukumu ya ardhi, yaani kuiondoa kwenye karatasi na kuifikisha kwenye udongo, ni kazi inayoanza siku faili linapofunguliwa, hakimu anapoamua nani aitwe, nini kipimwe na nani alipe. Hukumu iliyokosea hapo huzaliwa kiwete, na polisi wanaoitwa baadaye huwa wameitwa kuibeba mgongoni. Ndiyo maana kuongeza polisi hakusaidii sana, na kuwapunguza pia hakusaidii. Katika kurasa zinazofuata nitaichukua Bujumbura kama mji wa kupimia hoja hiyo, kwa sababu ni mji ambao viwanja vyake vingi vina historia ndefu kuliko nyumba zilizojengwa juu yake.

Bujumbura ni mji uliogawiwa kwa orodha. Wabelgiji, walipokuwa wakiuita Usumbura, waliwapangia Waafrika mitaa yao kwa mistari na namba. Hadi leo mtu wa Buyenzi hukuelekeza nyumbani kwake kwa namba ya barabara. Ngagara yenyewe ilijengwa katika miaka ya 1950 na shirika la kikoloni la makazi ya Waafrika, Office des Cités Africaines, na jina hilo limebaki midomoni mwa watu kama OCAF. Baada ya uhuru serikali iliendelea na kazi ileile kwa vyombo vyake: SIP ikajenga na kuuza nyumba, ECOSAT ikapima na kugawa viwanja, na siku hizi ofisi ya OBUHA ndiyo inayobeba mambo ya mipango miji na makazi. Mwananchi hupata parseli, kama wenyewe wanavyoiita, kwa barua yenye jina lake, namba ya kiwanja na kiasi anachotakiwa kulipa. Nairobi kazi hii kwa sehemu kubwa imefanywa na vyama vya ushirika vya nyumba na kampuni za kununua ardhi: wanachama huchanga, hununua shamba kubwa, hulipima, kisha hugawana kwa orodha. Njia ni tofauti, ila ugomvi huzaliwa mahali pamoja, yaani kwenye daftari la mgawaji. Namba moja ikipewa majina mawili, kesi imeshazaliwa hata kama wenye majina hayo hawajaonana.

Tazama sasa kinachotokea mahakamani. Watu wawili wanafika, kila mmoja na barua yake, na barua zote mbili zina muhuri wa ofisi ileile. Hakimu anazilinganisha tarehe, anatazama stakabadhi za malipo, anauliza nani alianza kujenga, na mwisho anamtaja mmoja kuwa mwenye haki. Kisheria huenda amefanya kazi safi kabisa. Lakini aliyeshindwa anatoka mle ndani akiwa bado na barua halali ya serikali, akiba yake ya miaka imezama katika msingi na kuta, na hukumu haina hata sentensi moja inayomwambia aende wapi. Ofisi iliyogawa mara mbili haikuitwa. Na kama iliitwa, ilikuja kama shahidi, ikasema daftari lake linavyosema, ikaondoka. Mtu wa namna hii hana sababu ya kutii isipokuwa hofu, na hofu ina mwisho wake. Atakata rufaa, akishindwa atatafuta mkubwa wa kumpigia simu, na simu isipojibiwa atakaa mlangoni na watoto wake siku polisi watakapokuja. Wahenga walisema Mgala muue na haki yake umpe. Hukumu zetu nyingi za viwanja humuua Mgala vizuri sana, kisha zikasahau nusu ya pili ya methali.

Kasoro ya pili ni ya vipimo. Mji umepanda vilima na kutambaa bondeni, kuelekea Kanyosha na Ruziba kusini, Carama kaskazini, na ufukwe wa Kajaga upande wa Gatumba. Huko ardhi nyingi ilikuwa itongo, yaani shamba la urithi wa familia, kabla ya kuwa parseli, na iliuzwa kwa karatasi ya mauziano iliyosainiwa na majirani, mipaka ikitajwa kwa mti, mfereji au jina la jirani. Sheria ya Ardhi ya Agosti 2011 ilizitambua haki za mila na kuziruhusu komine kutoa vyeti vya ardhi, jambo zuri, ila cheti hakiwezi kuifuata nyuma hukumu iliyokwisha kuandikwa. Hukumu inayosema kwamba shamba la mdai lirudishwe kwake, bila urefu, upana wala mchoro, humwachia mtekelezaji kazi ya kuhukumu upya akiwa amesimama juani, huku kila upande ukimwonyesha mwembe wake. Katika mahakama za mwanzo za Burundi kazi hiyo humwangukia rais wa mahakama mwenyewe pamoja na mahakimu wenzake, na mara nyingi gari la kwenda huko hulipiwa na yule aliyeshinda. Hapo pana aibu ya kimyakimya ambayo haitajwi vya kutosha. Aliyeshindwa anamwona hakimu akishuka kwenye gari lililokodiwa na adui yake, na baada ya hapo hakuna maelezo ya sheria yatakayomshawishi kwamba mipaka ilipimwa kwa haki. Mwenye haki asiye na nauli, kwa upande wake, hukaa na hukumu yake sandukuni.

Zaidi ya hayo, mlango wa mwisho si wa mwisho. Kwa Kirundi Mahakama ya Juu huitwa Sentare Ntahinyuzwa, jina linalobeba maana ya chombo ambacho neno lake halikosolewi. Lakini sheria ya 2005 iliyoiongoza mahakama hiyo ilimpa Waziri wa Sheria uwezo wa kuomba hukumu iliyokwisha kuwa ya mwisho irudiwe, endapo ataona imekosea waziwazi. Mtu ambaye hakuitwa kwenye kesi ana pingamizi lake pia, na hilo ni haki yake ya msingi. Juu ya milango hiyo ya kawaida ikaja CNTB, iliyoundwa mwaka 2006 kwa ajili ya wakimbizi waliokuwa wakirudi kwa mamia ya maelfu, wengi wao kutoka makambi na makazi ya Tanzania. Chini ya mwenyekiti wake Padri Astère Kana, tume ilielekea kugawanya: aliyerudi na aliyekuwa akikaa wapate kila mmoja sehemu. Alipoingia Monsinyori Sérapion Bambonanire mwaka 2011 upepo ukageuka, mkimbizi akarudishiwa mali yote, na mapatano ya kugawana yaliyokwisha kufungwa yakafunguliwa upya. Mambo yaliyokuwa yameamuliwa na mahakama hayakusalimika. Septemba 2014 ikatungwa sheria ya mahakama maalumu ya ardhi ili kusikiliza waliopinga maamuzi ya tume, na mwaka 2022 muda wa tume yenyewe ukaisha bila kuongezwa.

Sitaki kuhukumu hapa nani kati ya mapadri wale wawili alikuwa na sera iliyo bora. Nitalirudia jambo hilo kwa upande mwingine. Ninachotaka msomaji akitazame ni somo ambalo mkaaji wa kawaida wa Bujumbura alilipata katika miaka hiyo. Alijifunza kwamba kusubiri kunalipa. Uamuzi wa leo ni kinyume na wa jana, basi wa kesho huenda ukawa kinyume na wa leo, na anayebaki ndani ya nyumba ndiye atakayekuwepo upepo utakapogeuka tena. Kwa hesabu hiyo, anayekataa kutii hukumu hana wazimu wala ujeuri. Anapiga hesabu sawasawa na mfanyabiashara anayekataa kuuza mahindi kabla ya bei kupanda. Ukitaka atii, inabidi uibadilishe hesabu yenyewe, na polisi hubadilisha sehemu ndogo tu ya hesabu hiyo.

Hapa pingamizi zito kuliko yote linasimama, na halistahili kupitwa kwa haraka. Kusisitiza kwamba hukumu ya mwisho iwe ya mwisho, atasema mtu, ni kuubariki wizi wa 1972. Waliokimbia mwaka ule waliacha mashamba na nyumba. Utawala uliobaki ukavigawa upya, kwa barua na mihuri, kwa njia ambayo kila mahakama ya wakati huo ingeikuta halali. Mfano mkubwa uko Rumonge na tambarare ya Imbo, ambako mashamba ya michikichi yalipewa watu wengine chini ya miradi ya serikali. Sheria ya Ardhi ya 1986 ikaweka muda wa miaka 30 ambao mkaaji wa muda mrefu angeweza kudai kuwa mmiliki. Jumlisha miaka 30 juu ya 1972 na utafika 2002, mwaka uleule ambao wakimbizi walianza kurudi kwa wingi. Mtu aliyezuiwa na bunduki kurudi nyumbani akaambiwa kwamba amechelewa. Ukisema mahakama zimeshamaliza, unamwambia mtu huyo kwamba historia imefungwa kabla hajafika. Mwenye kovu usidhani kapoa.

Pingamizi hili lina nguvu, na jibu lake haliko katika kuifungua kila hukumu. Liko katika kuuliza hukumu ilimfunga nani. Hukumu humfunga aliyeitwa na kusikilizwa. Mkimbizi wa 1972 hakuitwa na mahakama yoyote. Alikuwa Katumba, Ulyankulu au Mishamo akilima ardhi ya Tanzania. Kwa hiyo ukomo wa kesi kati ya wanunuzi wawili wa Ngagara haumgusi, na kumsikiliza leo hakuhitaji kuuvunja ukomo huo. Kuna mwingine pia ambaye hakuwa kwenye kesi, naye ni mgawaji. Aliyechukua nyumba ya mkimbizi na kuiingiza kwenye orodha ni dola. Aliyempa mkaaji barua na kupokea pesa zake ni dola. Mkimbizi anaidai serikali, mnunuzi anaidai serikali, lakini kwa miaka mingi wadai hawa wawili wamesimamishwa uso kwa uso wagombane wenyewe, na mdaiwa wao akakaa katikati kama mwamuzi. Kwa mtazamo huu, sera ya kugawana na sera ya kurudisha yote zina kosa moja kwa pamoja: zote mbili zilitafuta malipo ya deni la dola mifukoni mwa raia.

Mkataba wa Arusha wa 28 Agosti 2000 ulilijua jambo hili vizuri. Itifaki yake ya nne inasema mkimbizi arudishiwe mali yake, hasa ardhi, na pale isipowezekana apate fidia ya haki. Ukatajwa na mfuko wa taifa wa kuwasaidia waathirika. Katiba ya 2005, na hii ya 2018 iliyoifuata, zinalinda mali ya mtu isipokuwa kwa manufaa ya umma na fidia iliyotangulia, au kwa kutekeleza hukumu iliyokwisha kuwa ya mwisho. Maneno yapo, tena mazuri. Kilichokosekana ni kuyaingiza ndani ya hukumu yenyewe, katika sehemu ile ya chini inayoanza na neno la kuamuru, ili fidia isiwe ahadi ya mwanasiasa bali deni lenye tarehe.

Atakuja mwingine aseme: lakini kuna amri ambazo dola yenye busara haiwezi kuzitekeleza. Nchi iliyozika watu wengi hivyo, mwaka 1972 na tena kuanzia 1993, haiwezi kuhatarisha mtaa mzima kwa ajili ya nyumba moja. Nakubali. Tena kuna mfano wa zamani unaolijibu jambo hili vizuri kuliko nadharia, na mwanasheria yeyote aliyesomeshwa kwa vitabu vya Kifaransa, kama wanavyosomeshwa wa Burundi, ameukuta njiani. Mtu aliyeitwa Couitéas alikuwa na hukumu ya mahakama ya Sousse, nchini Tunisia, ya mwaka 1908, iliyomtambua kuwa mmiliki wa hekta 38,000. Juu ya ardhi hiyo waliishi wenyeji waliokuwepo tangu enzi za mababu zao. Serikali ya Ufaransa ikakataa kumpa askari wa kuwatoa, kwa kuhofia ghasia. Mwaka 1923 Baraza la Dola mjini Paris likaamua kwamba serikali ilikuwa na haki ya kukataa kwa ajili ya usalama, lakini mwenye hukumu hawezi kubebeshwa peke yake gharama ya amani ya wote. Kukawilishwa kukizidi kiasi, alipwe. Kejeli ya kesi hiyo haifichiki, maana aliyelindwa na sheria alikuwa mwenye karatasi ya kikoloni dhidi ya watu wa ardhi. Kanuni iliyobaki lakini inafaa kuazimwa. Serikali inayosema haiwezi kutekeleza amri kwa sababu ya amani, iseme hivyo kwa maandishi, itie sahihi, ilipe. Kinachoumiza Bujumbura ni kule kutotekeleza kusikokuwa na sahihi ya mtu yeyote: faili halionekani, gari halina mafuta, mkuu yuko safarini.

Fedha zitatoka wapi? Swali hili huulizwa kana kwamba kwa sasa hakuna anayelipa. Wanaolipa wapo: mjane anayekodi gari la mahakimu, mnunuzi anayebomolewa ukuta, mkimbizi anayepanga chumba Buterere huku akisubiri tarehe. Gharama haijaepukwa, imewekwa tu mabegani mwa wasio na sauti. Tena fidia si lazima iwe noti. Mgawaji wa viwanja ana kitu ambacho mdaiwa wa kawaida hana, nacho ni viwanja. Dola iliyoweza kupima na kugawa eneo la Kizingwe-Bihara, kusini mwa mji, inaweza kutenga katika kila upimaji mpya fungu la parseli ambazo hakuna mheshimiwa anayeruhusiwa kuzigusa, za kuwalipa walioshindwa kesi kwa kosa la daftari. Nikiri hapohapo kwamba dawa hii ina sumu ndani yake: eneo jipya nalo lina wenyewe, na ukiwatoa bila fidia ili uwape waliotolewa kwingine, umehamisha kesi kutoka mtaa mmoja hadi mwingine. Fungu hilo lina maana iwapo tu ardhi yake imelipiwa kwanza.

Pingamizi la mahakimu wenyewe ni la aina nyingine. Wanasema hakimu akishatia sahihi mkono wake umekwisha. Kufuatilia nani kahama na nani kapewa kiwanja mbadala ni kazi ya watawala, na hakimu anayeingia humo anavuka mpaka. Suala hili lilipiganiwa kwa karibu miaka kumi nchini Kenya. Novemba 2011 kijiji cha Mitumba, karibu na uwanja wa ndege wa Wilson jijini Nairobi, chenye familia zaidi ya 3,000, kilibomolewa ingawa Mahakama Kuu ilikuwa imetoa amri ya kuzuia. Chama cha wakazi, Mitu-Bell, kikaendelea na kesi. Mwaka 2013 hakimu akaona haki zao zimevunjwa na akataka serikali irudi mbele yake kueleza sera na mipango ya makazi. Mwaka 2016 Mahakama ya Rufani ikasema hapana, ukishahukumu umemaliza. Januari 2021 Mahakama ya Upeo ikairekebisha: katika mambo ya haki za msingi, mahakama inaweza kutoa amri zinazofuatiliwa hatua kwa hatua, mradi ziwe wazi na ziheshimu mipaka ya vyombo vingine. Ushindi wa Mitumba uliwafikia wakazi miaka tisa baada ya matingatinga, na katikati ya safari hiyo, Mei 2020, Nairobi ilishuhudia tena nyumba za maelfu ya watu zikibomolewa Kariobangi licha ya amri ya mahakama, wakazi wakiwa na karatasi za viwanja mikononi. Sheria nzuri, peke yake, haizimi injini ya tingatinga. Ila imemwondolea hakimu kisingizio kwamba kalamu yake haina haki ya kuuliza kilichotokea baada ya kukauka wino.

Mahakama ya Haki za Binadamu ya Ulaya ilikuwa imefika hapo mapema zaidi. Katika kesi ya Hornsby dhidi ya Ugiriki, mwaka 1997, ilisema utekelezaji wa hukumu ni sehemu ya kesi yenyewe, kwa sababu haki ya kwenda mahakamani ingekuwa mchezo wa kuigiza kama hukumu ingeweza kubaki karatasi. Huku kwetu mtu hufikiria Mahakama ya Afrika Mashariki iliyoko Arusha. Msaada wake una mipaka: Mkataba wa Jumuiya unaelekeza kwamba hukumu zake za malipo zikazwe kwa taratibu za madai za nchi husika. Aliyekwama kwa mtekelezaji wa Bujumbura atapita Arusha na kurudi kwa mtekelezaji yuleyule.

Wapo pia wanaosema tuachane na mahakama, tuwarudie bashingantahe, wazee wa busara waliokuwa wakisuluhisha mambo ya matongo kabla ya kuwepo karani wala muhuri. Na mwaka 2021 sheria ilianzisha mabaraza ya wazee wa vilima na mitaa kwa nia inayofanana. Kwa ugomvi wa mpaka kati ya ndugu, hakuna chombo bora. Lakini wazee wa mtaa hawawezi kuiamuru ofisi ya serikali ifungue daftari lake, wala hawawezi kumlipa aliyegawiwa kiwanja cha mwenzake. Wakiletewa barua mbili zenye muhuri mmoja, watawaomba wenye barua wasameheane, na aliyekosa hayupo kwenye kikao.

Basi turudi Ngagara, tuichukue kesi ileile tangu mwanzo. Siku ya kwanza hakimu anawaita watatu: aliyerudi, anayekaa, na ofisi ambako jina la wa kwanza lilifutwa na la wa pili likaandikwa. Ofisi inaamriwa kulileta daftari lenyewe, wala nakala haitoshi. Kabla ya hukumu mahakama inakwenda kwenye nyumba kwa gharama ya serikali, inachora, inapima, inaandika nani analala humo, wangapi ni watoto, ukuta upi uliongezwa na nani, na kila upande unatia sahihi kwenye mchoro hata kama haukubaliani na kitu kingine chochote. Hukumu inapotolewa, mchoro umebandikwa nyuma yake. Amri ya kwanza inamtaja mwenye nyumba. Ya pili inaitaja parseli, kwa namba, atakayopewa anayetoka, au kiasi atakacholipwa, na mlipaji ni ofisi. Ya tatu inasema anayetoka hatatoka mpaka ya pili itimie, na kwamba kila mwezi wa kuchelewa mwenye nyumba atalipwa kodi na ofisi hiyohiyo. Tarehe ya kurudi mbele ya hakimu inaandikwa palepale, baada ya miezi sita, na anayetakiwa kufika siku hiyo ni mtunza daftari.

Siku hiyo huenda polisi wakahitajika bado. Wako watu watakaokataa kiwanja mbadala kwa sababu baba yao alizikwa karibu, au kwa sababu tu hawamtaki jirani aliyeshinda, na hao sheria itawatoa. Lakini kijana wa kona anayeokota jiwe atakuwa na swali la kujibu ambalo mwaka 2013 hakuwa nalo, kwa sababu familia anayoitetea itakuwa na ufunguo wa nyumba nyingine mfukoni. Na yule mkuu wa ofisi, ambaye katika mabishano yote ya Ngagara hakuonekana upande wowote wa barabara, atakuwa amekaa kwenye benchi la mahakama na daftari magotini, akingoja jina la ofisi yake lisomwe.